Mpaka Ukurasa wa Kumi na Moja

Krrap. Halafu kimya kidogo, halafu pumzi ndefu ya kupitia puani, halafu: "Haya, huyu amekwisha."

Nimesikia malori ya Malaba yakipiga honi yote kwa pamoja. Nimesikia mvua ya Nambale ikishuka juu ya mabati mapya. Nimesikia mama yangu akiimba kanisani, na mama yangu akiimba hata mchungaji husahau alikofika. Lakini sauti inayonijia mpaka leo, hata nikiwa naosha vyombo, ni ile ya kisu kirefu cha kukatia karatasi kikishuka dukani kwa Mwalimu, pale Busia, nyuma ya soko. Alikuwa akisawazisha kingo za programu za mazishi. Kila bunda likikatika vizuri alivuta pumzi na kusema huyo amekwisha, kana kwamba marehemu alikuwa bado anangoja ruhusa yake.

Niseme mapema tusidanganyane: sikumpenda. Watu watakuambia Mwalimu alikuwa taa ya Busia, na mimi sikatai. Ila mimi nilikaa karibu na hiyo taa miaka sita, na wanaosifu taa ni wale walio mbali nayo. Aliye karibu anaungua nyusi.

Nilikaa kwa nini basi? Kwa sababu ya daftari moja. Nilikuwa nimeandika hadithi, nilitaka iwe kitabu, na nilitaka jina langu likae kwenye jalada. Ni hilo tu. Niliacha shule kidato cha pili na sikuwa na kitu kingine cha kuringia. Katika Busia nzima mtu wa kuchapisha vitabu vya watu kama mimi alikuwa mmoja.

Alikuwa amefundisha Kiswahili shule za sekondari mpaka wakampumzisha, ndipo akafungua duka. Kibao chake kilisema kwa herufi kubwa, HAPA TUNACHAPISHA VITABU VYA KWETU. Chini yake, kwa herufi ambazo ulihitaji kusogea ili uzione: pia programu za mazishi. Zile herufi ndogo ndizo zilizozilisha zile kubwa za juu. Jumatatu na Jumanne tulichapa hadithi za Wasamia, vitendawili vya Wateso, mashairi ya karani fulani mstaafu aliyependa sana neno "ewe". Kuanzia Jumatano walikuja wafiwa, na hadithi zilipanda juu ya kabati kungoja.

Alivaa sweta nzito hata jua likiwa la kupasua ndimu. Mfukoni mlikuwa na kalamu tatu: ya bluu, nyeusi na nyekundu. Katika miaka yote ile sikuona ya bluu ikiisha wino. Nyekundu nilitumwa kununua kila mwezi. Mimi aliniita "wewe". Wateja waliniita dada, madereva waliniita mrembo, mama yangu ana majina yake ya kunidekeza ambayo sitayaandika hapa. Mwalimu aliniita "wewe", na kama amekasirika, "wewe hapo".

Sasa sikiliza alivyofanya na marehemu wa watu. Mfiwa analeta wasifu ulioandikwa na shemeji au na mwalimu wa kanisa. Duka lingine wanachapa hivyo hivyo, kesho unazika. Mwalimu aliusoma wasifu wote, taratibu, akiwa amesimama, na popote alipoona sifa alichora mstari mwekundu na kuandika pembeni: Nani aliona? "Alipenda maskini." Nani aliona? "Alikuwa nguzo ya kanisa." Nani aliona? Ukileta shahidi, inapita. Usipoleta, haipiti. "Uongo haupiti mlango huu," alisema, naye kweli akasimama mlangoni.

Siku moja alikuja mama mjane kutoka upande wa Alupe, na bintiye amembebea mkoba. Wasifu ulisema marehemu alikuwa mume mpole na mwenye upendo. Kalamu nyekundu ikatoka.

"Nani aliona?"

"Mimi, Mwalimu. Si nilikuwa mkewe?"

"Mama, huyu nilimfundisha mimi. Nilimwona pia akikufukuza na pampu ya baiskeli, mchana, watu wakitazama."

Binti akaangalia chini. Mama akasema kwa sauti ya chini, si ya ugomvi hata, "Mwalimu, hata maiti humwachii kitu?"

"Maiti haisomi. Wanaosoma ni watoto wake."

Akaukata ule mstari. Na wala hakuisogeza ile mistari mingine kuziba. Aliacha nafasi nyeupe katikati ya ukurasa, kama jino lililong'oka. Nilikuwa mgeni pale, na nitakiri kwamba siku ile nilimwona shujaa. Nilienda nyumbani nikamwambia mama, kuna mtu anayeogopa uongo kuliko njaa. Wiki iliyofuata binti yule alipita dukani akanisimulia. Mama yake alikuwa ameketi chini na bunda lote la programu, akaiandika ile sentensi kwa mkono, kwa kalamu ya bik, kwenye kila nakala, katika ile nafasi nyeupe. Mume mpole na mwenye upendo. Mume mpole na mwenye upendo. Asubuhi nzima. Tangu hapo nikaanza kujiuliza ni nani kati ya wale wawili aliyekuwa mwandishi.

Nilimuuliza mara moja kwa nini asiwaachie watu sifa zao. Alinitazama kama mtu anayetafuta nzi alipotua. "Wengi wa hapa," akasema, "kitabu pekee watakachoandikwa duniani ni programu ya mazishi. Ndiyo fasihi yao yote. Basi kiwe cha kweli." Neno zuri, sivyo? Alikuwa na maneno mazuri mengi. Ubaya wake ni kwamba alikuwa na hayo tu.

Vitabu vyenyewe havikuuzika. Shule zilitaka vile vilivyoidhinishwa, na watu wa soko walisema watasoma wakipata nafasi, yaani kamwe. Mwalimu alikuwa amejaribu kuvipeleka Malaba, mpakani, ambako malori hupanga foleni mpaka dereva anafua nguo na kuzianika kwenye kioo. Lakini alienda na mkoba wa ngozi na ile sweta, na madereva wakadhani ni mtu wa ushuru. Kila alikogonga, dirisha lilipandishwa.

Mimi nikaazima beseni la mama. Mama huuza mayai kutoka ng'ambo, anavuka na trei kichwani kwa njia ya panya, na beseni lake linajulikana. Nikapanga vitabu ndani, nikajitwisha, nikatembea kando ya foleni nikiimba kama muuza karanga.

"Karanga bei gani, dada?" akaita dereva mmoja, miguu juu ya dashibodi.

"Si karanga, boss. Hadithi."

"Za wapi?"

"Za hapa hapa Malaba."

"Hapa kuna hadithi? Mimi nina siku tatu hapa, nimeona vumbi tu."

"Basi wewe uko ukurasa wa nne."

Akacheka mpaka akajigonga usukani. Akachukua viwili, kimoja cha mwenzake wa lori la nyuma, Mganda mmoja aliyeniuliza, "Nnyabo, na mimi ukurasa wangu ni upi?" Nikamwambia wewe uko kwenye jalada, angalia vizuri. Saa nane beseni lilikuwa tupu. Nilirudi Busia nikiwa naruka, kwa kweli nilikuwa naruka, na Mwalimu akaniangalia kuanzia viatu.

"Umeuza fasihi kwenye beseni la omena."

"Ni la mayai, Mwalimu."

Akaliinua beseni, akalinusa. Akalirudisha. "Kesho tena," akasema.

Hizo ndizo zilikuwa shukrani zake. Mwezi uliofuata alialikwa redioni kuzungumzia fasihi ya kwetu. Tulifungulia redio dukani, mimi na wafiwa wawili. Mtangazaji akamuuliza amewezaje kuwafikia madereva. Mwalimu akasema, kwa sauti yake ile ya darasani, "Nilikaa, nikafikiri, nikaona beseni." Wafiwa wakapiga makofi. Mimi nikaendelea kukunja karatasi.

Na kule kijijini Rukala je! Mto Nzoia ulikuwa umemwaga maji, watu wamehamia kwenye tuta na mbuzi wao. Misaada ikakusanywa Busia: mahema, blanketi, unga. Mwalimu akachangia vitabu maboksi manne, akaenda navyo mwenyewe, na mimi nyuma nikishika boksi la juu lisianguke. Akasimama kwenye tuta akahutubu kwamba maji yanaweza kuchukua nyumba lakini hayachukui hadithi. Mama mmoja aliyekuwa amembeba mtoto mgongoni akapokea kitabu, akakigeuza huku na huku, akakirudisha kwa mikono miwili kwa heshima.

"Asante sana, Mwalimu. Lakini hiki hakifuniki."

Watu wakacheka, hata mimi nikauma midomo. Mwalimu hakucheka. Njia nzima ya kurudi alisema watu wetu hawajui thamani ya vitu vyao. Alisema "watu wetu" kama mtu anayezungumzia kuku wa jirani.

Lakini nyumbani kwake, siku aliyonituma miwani, niliona kabati la vioo lenye kufuli. Ndani, vitabu vya ng'ambo vya Kiingereza, vimefungwa nailoni, vimepangwa kwa urefu kama wanakwaya. Kitabu cha kwetu hakikuwemo hata kimoja. Cha kwetu nilikijua kilipo: vitatu vya vitendawili vilikuwa dukani chini ya mguu mfupi wa meza ya printa. Nilimuuliza kwa mzaha, akasema, "Vile vinashikilia kazi." Sikujua kama ni jibu au ni tusi.

Nisimnyime haki yake. Programu za watoto wadogo hakuzigusa kwa kalamu nyekundu, wala hakuruhusu mzazi afungue mkoba. Alizichapa kwenye karatasi nzito, akazikata mwenyewe, na hizo pekee hakusema huyu amekwisha. Mimi alinifundisha kuchapa kwa vidole kumi huku ameifunika kibodi kwa kitambaa cha meza. Ninachokula leo kinatoka chini ya kile kitambaa. Najua. Nimeshasema asante moyoni mara nyingi, na bado simpendi.

Sasa daftari langu.

Liliitwa Mayai ya Ng'ambo. Lilikuwa la kurasa arobaini na nane, nimejaza zote, kwa mkono, nikiwa nimeketi na mama kibandani. Ni hadithi ya mwanamke anayevuka mpaka na trei za mayai. Ndani yake kuna siku anaanguka njiani, mayai yote yanavunjika isipokuwa trei moja, naye anasimama, anajipangusa, anaendelea kutembea na ile trei moja kama malkia. Hiyo siku niliiona kwa macho yangu. Niliandika nikilia na kucheka. Na kama vile Mungu ana mzaha, siku niliyoandika hapo yai la kweli likabingirika mezani, likapasuka, likamwagika juu ya daftari lililofunguliwa. Ukurasa wa kumi na mbili na wa kumi na tatu zikashikana uso kwa uso kama zilizogundishwa. Niliogopa kuzibandua zisichanike. Chini ya ukurasa wa kumi na moja nikaandika kwa penseli: Samahani Mwalimu, hapa yai lilimwagika, tafadhali fungua kwa wembe.

Nikampa. Akalitia kwenye droo.

Nilingoja mwaka. "Bado," akasema. Mwaka wa pili akaanza kunitumia kama mfano. Mwandishi chipukizi akija dukani na kazi yake, Mwalimu alimwonyesha mimi kwa kidevu. "Huyu naye ameandika. Mwanzo una nguvu, lakini mwisho ni dhaifu. Wanawake wanajua kuanza, hawajui kumaliza." Nikalala nikifikiria ule mwisho. Nikauandika upya kichwani mara ishirini. Nikamwomba basi anirudishie niurekebishe, akasema mwandishi hanyang'anyi mhariri kazi mkononi. Mwaka wa nne nikamuuliza kama angalau jina langu limefikiriwa litakaa wapi kwenye jalada.

"Majina yako ni matatu," akasema. "Ni marefu. Jalada letu ni dogo."

"Yule karani wa mashairi ana manne, Mwalimu."

"Yeye ni mtu mzima."

Akachapa ya karani. Akachapa methali za mkuu wa shule mmoja na za mtoto wa mkuu wa shule. Mimi ndimi niliyezipanga kwenye kompyuta, nikazikunja, nikazipiga stepla, nikazibeba kichwani Malaba. Madereva waliuliza, "Na chako lini, dada?" Nikawaambia kinaiva. Mimi huamini vitu vinaiva, ndivyo nilivyoumbwa.

Mwaka wa sita, Mwalimu akiwa kwenye harusi Nambale, nilikuwa natafuta risasi za stepla kwenye droo nikaliona. Nikalifungua. Wino mwekundu ulianza ukurasa wa kwanza, mkali, umejaa. Wa pili, wa tatu. Kufika wa nane ulikuwa umepungua. Wa kumi na moja palikuwa na alama moja tu: chini kabisa, kando ya maneno yangu ya penseli, yai lilimwagika, alikuwa ameandika, Nani aliona?

Nikafunua. Zile kurasa mbili bado zilikuwa zimeshikana. Zilikuwa kama nilivyoziacha, ute umekauka ukang'aa pembeni kama kioo. Na baada yake, mpaka mwisho, karatasi zilikuwa safi, hazina hata nukta. Miaka yote ile alikuwa ananihukumu kwa mwisho ambao hakuwahi kuufikia.

Sikulia, na mimi hulia hata mbuzi akivunjika mguu. Nililitia daftari ndani ya blauzi, nikafunga duka, nikaacha ufunguo kwa muuza viatu wa jirani. Mwalimu hakunitafuta. Nilisikia aliwaambia watu nimeolewa.

Nilihamia Malaba. Nina kibanda: kompyuta moja, printa moja, na beseni la mama juu ya rafu, maana alinunua jipya akanipa lile. Nachapa barua, fomu, picha za pasipoti, na programu za mazishi, ndiyo. Sifa za marehemu nazichapa zote. Mtu akisema baba yake aliua chui kwa kofi, mimi namuuliza tu, kofi la kulia au la kushoto.

Mwaka jana, wakati wa mahindi mabichi, boda ikasimama mlangoni, akateremka mzee mwenye fimbo. Nilitambua sweta kabla ya uso. Duka lake lilikuwa limefungwa, hilo nilikuwa nimelisikia. Kile kisu kilinunuliwa na mtu wa kutengeneza maboksi.

"Mulembe, dada," akasema.

Dada! Nikatazama nyuma kama kuna mtu mwingine.

"Mulembe, Mwalimu. Karibu uketi."

Akaketi. Akatoa bahasha, na ndani yake karatasi za mwandiko wake ule wa ubaoni. Ulikuwa wasifu wa marehemu. Marehemu alikuwa yeye.

"Siendi kesho," akasema alipoona macho yangu. "Lakini wanangu wataandika upuuzi. Nataka kikae tayari. Wewe ndiye unayejua ninavyotaka nafasi za pembeni."

Niliangaza macho haraka haraka kwenye ukurasa wa kwanza, na katikati yake nikaona maneno Mayai ya Ng'ambo. Sikusoma zaidi. Nikauliza, nikijifanya napanga karatasi:

"Mwalimu, lile daftari langu. Ulilisoma lote?"

"Mara tatu," akasema, hata hakupumua katikati. "Mwisho ndio dhaifu. Ungenisikiliza tungeshalichapa."

Nilimtazama. Alikuwa ananiangalia usoni, hana wasiwasi, na nikaona kwamba anaamini. Hakuwa ananidanganya mimi. Alikuwa amejidanganya mwenyewe zamani, akamaliza. Ningeweza kulitoa daftari pale pale, lilikuwa kwenye droo ya chini, zile kurasa mbili bado hazijabanduliwa. Mkono haukwenda. Alikuwa mzee, na fimbo yake ilikuwa imefungwa kitambaa pale ilipopasuka. Aliinuka, akaliona beseni kwenye rafu. Akalisogelea, akalinusa.

"La mayai," akasema.

"La mayai, Mwalimu."

"Nitarudi Alhamisi. Usiguse kitu." Boda ikamchukua.

Niliposikia imepanda lami, nikarudi kwenye karatasi nikasoma yote. Marehemu alikuwa mpole kwa waliomfanyia kazi. Nikacheka, nikaiacha ipite. Marehemu ndiye aliyebuni kuuza vitabu kwenye foleni ya malori. Nikaiacha nayo ipite, beseni linajua. Marehemu alipendwa na wafiwa wote. Nikamkumbuka yule mama wa Alupe na bik yake, nikaiacha ipite, kwa mkono wa mama yule, si kwa wangu. Halafu nikafika: Alisoma kila mswada uliomfikia mara tatu, mpaka ukurasa wa mwisho, ukiwemo ule wa msichana wake wa dukani, Mayai ya Ng'ambo.

Msichana. Hata hapo, alikojiandikia mwenyewe na nafasi ilikuwa tele, sikuwa na jina.

Kibandani hakukuwa na mtu. Nje malori yalikuwa yamesimama, mtu anauza miwa. Kwenye mkebe wangu wa kalamu nina nyekundu moja ambayo sijawahi kuitumia. Niliitoa. Nikakata maneno yake "mpaka ukurasa wa mwisho", nikakata na "mara tatu", na juu ya mstari nikaandika: mpaka ukurasa wa kumi na moja. Pembeni, pale pale alipozoea yeye, nikaandika swali lake, Nani aliona? Na chini ya swali, kwa herufi nzuri nilizoweza, nikaandika jibu: majina yangu, yote matatu. Yakatosha.